Jina la Dubu wa Bwana Hatanaka

Tokyo, 12 Oktoba 2024

Shangazi yangu Masouda,

Assalamu alaykum, na shikamoo ya mikono miwili. Nakuandikia kama ulivyoniapisha uwanja wa ndege: kwa kalamu, kwa Kiswahili, bila ya kuchanganya. Ulisema simu ni ya kuulizana bei ya samaki, mambo ya watu yanaandikwa. Haya basi, naandika, mkono unauma.

Mie mzima, nimenenepa kidogo kwa wali wa huku, na baridi imeanza kutia pua mlangoni. Baba kaniambia mguu wa Ami Marhoon umepona. Alhamdulillah. Mwambie mumeo dishi la televisheni lina mafundi wake, asirudi tena juu ya paa.

Sasa khabari yenyewe. Nimepata kazi! Nilisomea kuchora majumba ya kweli, na nimeajiriwa kujenga majumba ya uongo. Niko studio ya Bwana Hatanaka, mtengenezaji wa zile sinema za mazimwi wanaopigana na kukanyaga miji. Aliingia kazini kijana, akibeba ndoo za plasta. Baadaye akawa mtu wa moshi, halafu mtu wa baruti, na ndipo unyusi wake wa kushoto ulipoondoka siku moja usirudi. Kila asubuhi huuchora kwa penseli. Akifurahi sana husugua uso akaufuta mwenyewe bila ya kujua, na sisi tunajua kwamba picha imetoka vizuri.

Kutoka kwenye baruti akapewa tamthilia za televisheni, kisha sinema kubwa. Leo wenziwe wote wanafanyia kazi kwenye kompyuta, yeye bado anataka mji wa mbao na plasta unaofika kiunoni, mtu ndani ya vazi la mpira, na kamera imelazwa chini kabisa. Na ana wazimu wake mmoja, Shangazi. Kila nyumba itakayovunjwa lazima itiwe vitu ndani kwanza: mkeka, kikombe, viatu mlangoni. Mtazamaji haoni hata kimoja. Yeye huchungulia dirishani kwa tochi, na akiikuta nyumba tupu hakubali kupiga picha.

Anatengeneza sinema yake ya mwisho. Dubu mkubwa wa milima ya kaskazini ananusa ubani ndani ya meli, anaipenda harufu, anaifuata kwa kuogelea mpaka anatokea bandarini Matrah. Ndiyo, Matrah yetu! Ya zamani, ya miaka ile mlipofika nyie kutoka Unguja. Hapa studio nzima mtu wa Maskati ni mimi peke yangu, na mimi Matrah ile sikuikuta. Niandikie chumba mlichokaa. Kila kitu.

Jina la dubu nitakwambia mara nyengine.

Mwanao anayekupenda,
Raghad

*

Ghubra, 6 Novemba 2024

Mwanangu Raghad,

Marahaba, na wa alaykumu ssalam. Barua yako imefika imekunjika kama sambusa lakini imefika. Kiswahili chako nimekipa maksi sabini. Umeandika "nimeajiriwa" vizuri, lakini hati yako inapanda juu kama unaandika ngazini.

Sote wazima. Baba yako Harub kaja Ijumaa kala, kalala, kaondoka. Jirani yangu Bakhita kamuoza mwanawe, siku tatu ngoma, na mie nimecheza mpaka goti likaniambia kaa chini. Ami yako kapanda paa juzi. Sina la kusema.

Sasa kazi yako. Raghad, miaka mitano ya chuo, ukaishia kwa mzee anayepaka unyusi na kukanyaga vijumba! Watu wazima na akili zao wanavaa mpira wanagaragara! Mie mambo hayo siyajui wala siyataki kuyajua. Ila niulize tu: bado zipu wanaiweka mgongoni na kuificha kwa safu ya miba? Na zimwi likinyanyua mkono, kwapa bado linaonesha mshono?

Chumba chetu kilikuwa nyuma ya soko, ghorofa ya juu, ngazi ya nje. Dirisha la kijani, na bawa lake moja limetiwa kinyume, halifungi. Kwenye kamba kanga yangu nyekundu, mkitia kanga nyeusi mumekosea. Kopo la halwa nimepanda mrehani. Ndani kitanda kimoja, televisheni ndogo juu ya sanduku, na feni yenye kelele. Nilikuwa nakaa na mamaangu na huyo Harub wenu. Kiarabu changu kilikuwa cha kuombea dua tu. Nikitoka nje nilikuwa bubu, mtu na elimu yake, mwalimu, lakini bubu. Haya hayo si ya kuweka kwenye plasta.

Jina la dubu nani? Bakhita anasema sinema ikija Maskati ataagiza keki, anataka jina aliandikishe juu kwa krimu.

Shangazi yako,
Masouda

*

Tokyo, 1 Desemba 2024

Shangazi yangu mpenzi,

Salamu kwako, kwa Ami, kwa Bakhita na goti lako. Huku theluji bado, lakini wenyeji wanaitazama mbingu kama watu wanaosubiri mwezi wa Idi.

Chumba chako kimejengwa! Nimekijenga mimi. Dirisha la kijani, bawa limekwenda kinyume, kanga nyekundu ukubwa wa kiganja, mrehani ndani ya kopo. Bwana Hatanaka alilala kifudifudi kwenye barabara ya Matrah, akachungulia kwa tochi, akauliza: "Televisheni yake ilikuwa ikionesha nini?" Ilikuwa ikionesha nini, Shangazi?

Na tena, umejuaje mambo ya zipu? Zipu ni siri ya watu wa ndani. Na mshono wa kwapa hata mimi sikuuona mpaka nilipoonyeshwa.

Kuna jambo limenikaa kooni. Jina la dubu ni neno la kawaida la Kijapani la kumwita dubu, basi. Lakini mie sijaweza kulitamka. Tangu siku ya kwanza namwita "yeye". "Mkono wa yeye umekauka?" "Yeye anaingia saa ngapi?" Wenzangu wakaanza kunitazama. Bwana Hatanaka kaniita mbele ya watu wote, nikajua nafukuzwa. Kumbe! Baba yake alikuwa mchoma makaa milimani, na wawindaji wa kijiji chao walikuwa hawamtaji dubu kwa jina wakiwa msituni, kwa heshima. Akasema: "Huyu binti wa mbali ndiye pekee humu anayejua adabu ya mlima." Akaniinamia. Studio nzima ikaniinamia. Mie nikataka ardhi ipasuke.

Jina hilo amelihifadhi tangu ujana wake. Kila mkubwa wa studio alimwambia nani ataogopa dubu, nenda katengeneze mjusi. Akatengeneza mijusi. Sasa mwisho wa umri wamemkubalia. Na onyesho la kwanza kabisa, kabla ya Tokyo, litafanywa Maskati, yeye mwenyewe atakuja. Anasema dubu apate ruhusa ya wenye mji kwanza.

Shangazi, sijui nifanye nini. Tuliwache hapo.

Raghad

*

Ghubra, 4 Januari 2025

Raghad mwanangu,

Tuliwache wapi? Unanitilia mkono kwenye sufuria halafu unaniambia tuliwache! Mwaka mpya wa watu umeingia, baridi ya Maskati imekuja, tunavaa sweta na kujisifu. Mnazi wa baba yako umezaa nazi mbili, ameita watu kuja kuzitazama.

Zipu nilisikia tu. Mtu hawezi kusikia?

Televisheni ilikuwa ikionesha khabari na dua.

Hilo jina, kama ni neno la kawaida, liandike. Kijapani si lugha ya majini. Wewe tangu utotoni ukificha jambo masikio yanakuwa mekundu, na mie nimeyaona mpaka huku. Bakhita ananiuliza kila akija kuomba chumvi. Nimewaambia wanawake wote wa darsa kwamba mtoto wetu anajenga Matrah huko Japani, na kwamba jina la dubu litajulikana karibuni. Wameshajipanga, viti arubaini, wote watu wa Unguja na Pemba, na mashoga zao wa Sidab. Usinitahayarishe.

Masouda

Mie Ami yako Marhoon. Nimepewa barua hii niipeleke posta na gundi yake haikushika, na mguu wangu ni mzima kabisa. Khabari na dua ni uongo. Shangazi yako alikuwa haondoki mbele ya televisheni ikianza tamthilia moja ya Wajapani iliyotiwa Kiarabu fasihi cha vitabuni, "Mlinzi wa Alfajiri". Mtu kavaa kofia ya chuma, anapigana na mazimwi ya mpira. Ndiyo iliyomfundisha Kiarabu. Hakujua kwamba hakuna mtu duniani anayenunua vitunguu kwa Kiarabu kile. Siku moja soko la samaki Matrah, mchukuzi mmoja na toroli lake akamwambia apishe njia. Binti akanyoosha kiganja hivi, akasema kwa sauti: "Ha ana dha, wa lan abraha makani!" Mimi huyu hapa, na sibanduki pahala pangu! Soko zima likacheka mpaka samaki wakaanguka. Mie nilikuwa nimeshika jodari kwa mkia, nikamwachia. Mwezi wa pili yake nikapeleka posa. Usimwambie kama nimekwambia. Kamuulize huyo mzee wako nani alitengeneza tamthilia ile.

*

Tokyo, 29 Januari 2025

Shangazi yangu,

Kheri ya Shaaban inayoingia. Salamu maalumu kwa Ami, na naomba gundi ya posta isibadilishwe.

Haya. Umetaka, nakwambia, lakini kaa kwanza, na asiwepo mtu.

Unakumbuka nilipokuwa darasa la kwanza, nikarudi nyumbani na neno nililofundishwa na mtoto wa jirani, nikalisema kwa fakhari mbele ya wageni wa Baba? Wewe ukanishika mkono ukanipeleka jikoni ukanipaka pilipili mdomoni. Neno lile ambalo likitajwa pamoja na mama wa mtu, ngumi zinafuata. Shangazi, ni hilo hilo, herufi kwa herufi. Wajapani, masikini, hawana khatia, ndivyo wamwitavyo dubu. Watoto wadogo wa huku wanaliimba skuli na kupiga makofi.

Na hilo ndilo jina la sinema. Na mbele yake wametia neno lenye maana ya "kubwa".

Bango nimeliona. Litasimama nje ya ukumbi huko Maskati, refu kama nyumba ya ghorofa mbili, kwa Kiarabu na kwa herufi za Kizungu, waya na taa. Na chini yake, kwa kuwa nimeheshimiwa, wameandika: mji wa Matrah umejengwa na Raghad binti Harub.

Ningemwambia mapema, mambo yangekuwa mepesi. Sasa kaniinamia mbele ya watu. Nikimwambia kwamba sikumtaja dubu kwa sababu ya pilipili na si kwa sababu ya adabu ya mlima, nitamvunja moyo mzee wa watu kwenye kazi yake ya mwisho. Nisipomwambia, atasimama mbele ya viti arubaini vya darsa lako. Sili, silali. Juzi nimepaka rangi meli upande wa ndani.

Nimeuliza lile la Ami. "Mlinzi wa Alfajiri" ni kazi yake. Alikuwa kijana bado, ilikuwa ya kwanza kukabidhiwa yeye peke yake.

Raghad wako

*

Ghubra, 19 Februari 2025

Raghad,

Barua yako nimeisoma, nimeikunja, nimeitia ndani ya mto wa kulalia, nimetoka nimemwagia mrehani maji. Nimerudi nimeisoma tena. Halafu nikacheka. Nimecheka peke yangu chumbani mpaka Ami yako akabisha hodi akauliza kama nalia. Nikamwambia naam.

Bakhita amekuja kuomba chumvi, akauliza jina. Nikamfikiria na krimu yake ya keki, nikashindwa kusimama.

Sasa nisikilize, kwa kuwa kicheko kimekwisha. Umwambie. Umwambie kabla ya Ramadhani kumalizika.

Marhoon keshakueleza ya sokoni, najua, kalamu yake inavuja kila pahala. Lakini yeye anakueleza vile alivyocheka. Mie nikueleze vile nilivyochekwa. Nilikuwa na furaha siku ile, mwanangu. Nilikuwa nimepata sentensi nzima ya Kiarabu, safi, na irabu zake zote. Nikaitoa, na watu wakashika mbavu, na sikujua wanacheka nini. Nilisimama pale na kiganja changu juu. Marhoon alikuwa mwema, alinielezea. Kama asingenielezea ningerudi chumbani kwangu nikanyamaza mpaka leo.

Mzee huyo atasimama Maskati na furaha yake, na jambo alilolihifadhi umri mzima, atalitoa, na ukumbi mzima utashika mbavu, na yeye hatojua wanacheka nini. Watamcheka yeye, si dubu. Sitaki. Mtu huyo kanifundisha Kiarabu bila ya kujua kama mie nipo duniani. Ndiye aliyenitoa ububu. Nampenda, wallahi, na uso wake siujui. Hawezi kuja mjini kwangu akachekwa na mie nimekaa.

Basi mweleze. Ukiogopa, nyoosha kiganja.

Na televisheni, muweke Mlinzi mwenyewe kwenye kioo. Kofia ya chuma, pembe moja imekatika. Usiseme nani kakwambia.

Shangazi yako

*

Tokyo, 14 Aprili 2025

Shangazi yangu wa pekee,

Idi mubarak, ingawa imepita. Nilisali na Waindonesia, nikala kwao mpaka nikahitaji kushikwa mkono. Maua ya huku yamefunguka yote kwa pamoja, na watu wanaacha kazi kwenda kukaa chini yake. Nimewapenda kwa hilo.

Nimemwambia.

Nilisubiri wote watoke kwenda kula. Yeye alikuwa ndani ya Matrah, amekaa kitako katikati ya soko, anapanga viatu vidogo mlango wa msikiti. Nikakaa mbele yake, bandari ikiwa katikati yetu. Nikamwambia si adabu ya mlima. Nikamwambia neno hilo kwetu lina maana gani. Kijapani changu cha mambo hayo hakitoshi, Shangazi, sikuwahi kufundishwa, ikabidi nionyeshe kwa mbali sana na kwa kuzungukazunguka, na masikio yangu unayajua. Bwana Hatanaka akaweka chini kiatu kidogo alichoshika. Kisha akauliza kwa sauti ndogo: "Mji mzima?"

Nikamwambia nusu ya mji. Na wote wamealikwa.

Akaanza taratibu, kama gari inayokataa kuwaka. Halafu akacheka, akalala chali juu ya bandari, akavunja maghala mawili na kituo cha forodha. Akasugua uso, unyusi ukaenda zake. Watu wakarudi mbio wakidhani ameanguka. Alipopata pumzi akasema: "Umri wangu wote nimetafuta zimwi ambalo watu wataogopa hata kulitaja. Nimelipata, na wewe unaniambia nilitoe!"

Nikalia, kwa furaha. Hakukasirika hata chembe. Kuhusu adabu akasema wawindaji wa kijijini kwao hawakutaja jina kwa kuogopa pia, kwa hiyo mimi na wao tuko sawasawa.

Akaniuliza nyumbani tunamwitaje mnyama huyu. Nikamwambia dubu, na Waarabu nao karibu hivyo hivyo. Akalirudia: "Dubu." Studio ikaangua kicheko, kwa sababu kwa Kijapani liko jirani kabisa na neno la kumtania mtu mnene. Tukamtazama dubu mwenyewe, kasimama pembeni na tumbo lake la mpira. Jina limemkaa. Kwa Maskati, bango litaandikwa DUBU, na lile "kubwa" wamelitoa kwa ombi langu maalumu.

Nimemwapisha asilitamke lile jengine akiwa huko. Kasema: "Nimeelewa vizuri sana." Kuna kitu kwenye sauti yake sikukipenda.

Mie sitakuja kwenye onyesho, siku hizo hizo dubu ana maonyesho kwenye skuli za huku na mvaaji wake kaumia mgongo, nimekubali kulivaa vazi. Ndiyo, Shangazi. Zipu iko mgongoni.

Nimemwambia Bwana Hatanaka kuhusu dirisha la kijani na nani alikuwa nyuma yake. Alichukua tochi akaenda kuchungulia tena.

Raghad

*

Ghubra, 18 Oktoba 2025

Mwanangu Raghad, dubu wetu,

Salamu kwako ndani ya mpira wako. Najua umeshasikia kwa simu vipande vipande, baba yako hana staha. Mie nakueleza kama inavyostahili, kwa utaratibu, na usiruke mistari.

Tulikwenda baada ya Magharibi. Wanawake wa darsa wote, buibui mpya na udi mpaka walinzi wakapiga chafya. Ami yako kavaa kilemba cha harusi. Bakhita na keki yake mapajani, DUBU kwa krimu ya kahawia. Bango nimesimama mbele yake, nimelisoma jina lako, nimelisoma tena, nikamwambia mlinzi, huyu ni mtoto wa kaka yangu. Akasema mama, umeshaniambia.

Sinema ilipoanza nilijitia kutazama tu. Lakini ilipotokea Matrah, mwanangu, yenyewe, na ngazi yake, na dirisha la kijani, na kanga yangu inapepea, nikamshika Marhoon mkono nikamminya. Dubu akakanyaga soko, watu wakapiga makelele. Akakanyaga forodha, watu wakapiga makofi, sijui kwa nini. Akafika kwangu. Akasimama. Akainusa kanga. Akatia jicho dirishani, na ndani ya kioo kile kidogo nikamwona Mlinzi na pembe yake iliyokatika, sekunde moja, hakuna aliyeona ila mie. Nikasema, ataiacha nyumba yangu. Akageuka, akaikalia! Kwa tako lake lote! Bakhita akapiga kelele, "Masouda, nyumba yako!" Nikamjibu, iwache, imekaliwa na mkubwa. Nililia na kucheka kwa pamoja, sijui kipi kilianza.

Taa zikawashwa, Bwana Hatanaka akapanda jukwaani. Mdogo hivi, suti ya kijivu, unyusi umechorwa vizuri. Mkalimani wake kijana wa Kiomani kutoka Nizwa, Kiswahili hajui hata cha kuombea maji. Mzee akashukuru serikali, akashukuru bahari, akakushukuru wewe kwa jina. Halafu akasema, binti huyu alinikataza kusema jina la kweli la dubu wangu katika mji huu, na mimi nikamwahidi kwamba nimeelewa. Akasogea karibu na maikrofoni. Akalisema.

Akalisema kwa adabu kamili, taratibu, na lile neno la "kubwa" mbele yake.

Raghad, sijawahi kusikia kimya kama kile. Viti arubaini. Mkalimani wa watu akatafsiri, "yaani dubu mkubwa", hajui kakanyaga nini. Halafu Bakhita akatoa sauti kama chai inayochemka, na keki ikaanza kuteremka, na ukumbi ukapasuka. Wazee walishika fimbo zao. Mama mmoja wa Sidab alivua miwani akaiweka sakafuni. Ami yako alikuwa anapiga kiti mbele yake, na kiti kina mtu. Nami nikamtazama yule mzee kwa hofu, moyo wangu mkononi, nikisema wamemcheka, wamemcheka mgeni wangu.

Alikuwa anacheka kuliko sote. Alikuwa kashika maikrofoni kwa mikono miwili asianguke. Alijua, mwanangu. Alijua barabara. Kavuka dunia nzima aje alitamke neno lile mbele ya watu wanaolielewa. Akasugua uso, na unyusi nikauona unakwenda.

Basi nikasimama. Sikupanga. Goti lilikataa nikalilazimisha. Nikanyoosha kiganja changu kama zamani, nikasema kwa sauti ya mwalimu: "Ha ana dha, wa lan abraha makani!"

Waomani wa umri wangu wakapiga mayowe, wote walikuwa wakiitazama tamthilia ile! Mkalimani akamnong'oneza. Mzee akaacha kucheka. Akaniangalia, akaweka maikrofoni chini, akajinyoosha kama askari, akainua kiganja chake naye, akayasema maneno yale yale kwa Kijapani. Sijui neno hata moja na nimeelewa yote. Kisha akaniinamia mpaka kichwa kikakaribia magoti, na safari hii hakuna aliyecheka. Marhoon alikuwa analia waziwazi, anasema ni udi.

Keki tulimpa yeye akate. Herufi mbili za mwisho zilikuwa kwenye buibui la Bakhita.

Sasa kila mtu Maskati analijua jina la dubu wako, limesemwa kwa maikrofoni, na Bakhita analisema kila akija kuomba chumvi. Lakini mie nilimpaka mtoto pilipili kwa neno hilo, siwezi kurudi nyuma. Ukinijibu, nambie vazi linabana wapi, nambie baridi, nambie unakula nini. Na dubu muite "yeye".

Shangazi yako asiyebanduka,
Masouda